Jina Nililolitia Kwenye Wimbo

Nakumbuka Jumanne moja ya mwezi wa nane, mwaka wa jando kule Bugisu, katika ile miaka ya sabini ambapo Uganda yetu ilikuwa mikononi mwa wanajeshi. Siku hiyo tulimpoteza Wamimbi, mpiga gitaa, aliyetunga wimbo ambao mpaka leo watu huuomba redioni bila kujua ulitoka wapi. Labda wewe pia, mwanangu, umewahi kuuimba ukifua nguo. Sikukatazi. Nataka tu uijue habari yake kutoka kwa mtu aliyekuwepo, maana walionijua nikiimba wamekwisha kupungua, na mimi sitakuwa hapa siku zote.

Elimu yangu ni ndogo. Niliishia darasa la saba nikaingia kiwandani, mjini Jinja. Baadaye nilivuka mpaka nikaishi Bungoma miaka mingi, na huko ndiko Kiswahili changu kilikotulia. Jinja ya wakati ule mtu akisikia Kiswahili mlangoni alijua ni askari, akaacha kutafuna.

Tulikaa Walukuba, katika zile nyumba za wafanyakazi zilizopangwa kwa mistari. Mimi na Wamimbi tulikuwa kiwanda kimoja cha nguo, yeye kwenye rangi, mimi kwenye vitambaa. Rafiki yetu wa tatu alikuwa Kirunda, Msoga mnene, mkubwa kwetu kwa umri, mpiga ngoma. Mwimbaji nilikuwa mimi. Tulikuwa na mpiga besi pia, lakini hahusiki na makosa yangu, nitamwacha apumzike. Jumapili mchana tulipiga dansi kwenye ukumbi wa wafanyakazi, na kabla giza halijaingia kila mtu alikuwa kwake. Hiyo ndiyo ilikuwa desturi ya miaka ile.

Muziki wa kantri tuliletewa na dereva wa lori kutoka Eldoret, jina lake Kiprono. Kila alipopita Jinja alilala Mafubira kwa shemeji yake, na alikuwa na santuri za Wamarekani alizozifunga kwenye blanketi kama mtoto mchanga. Mara ya kwanza tuliposikiliza, Wamimbi aliinamisha kichwa mpaka wimbo ukaisha.

"Hawa wazungu wanalia kama sisi," akasema. "Mama, treni, na pombe."

"Na mbwa," Kirunda akasema. "Umesahau mbwa. Yule wa pili amelilia mbwa."

Tulicheka, lakini Wamimbi hakulala usingizi wa kawaida wiki ile. Alichukua kipande cha bomba la shaba kilichotupwa kiwandani, akakisugua mpaka kikang'aa, akakivaa kidoleni na kukitelezesha juu ya nyuzi. Gitaa likatoa sauti ya mtu anayeita kutoka ng'ambo ya bonde. Kisha akatunga maneno. Kwao ni Bugisu, juu ya Mbale, mahali pa kahawa, na mama yake alikuwa huko.

Mama usifunge mlango,
kahawa ikiiva nitarudi,
treni ya Mbale ni nyepesi,
mzigo wangu ni gitaa tu.

Aliupiga polepole, kama wale wa kwenye santuri. Kirunda akakataa. "Ndugu yangu, hiyo ni ya matanga. Wacha niweke moto." Wamimbi akafikiri kidogo, akamgongea mezani mdundo wa kadodi, zile ngoma ambazo vijana wa Bugisu hupigiwa wakienda kutahiriwa. Kirunda akaukamata. Gitaa likawa linalia juu, miguu inakimbia chini. Mwanangu, nimesikia wasomi wakibishana redioni wimbo ule uitwe kantri au roki. Mimi nilikuwepo. Ulikuwa santuri ya Kiprono, bomba la shaba, na ngoma za jando. Basi.

Sasa sikiliza jambo moja kuhusu kazi yetu, maana hapo ndipo lilipotokea kosa. Katikati ya wimbo, gitaa linapocheza peke yake, mwimbaji hutoa salamu. "Salamu zimfikie bwana fulani wa idara ya rangi! Salamu zako mama fulani, muuza samaki wa Masese!" Aliyetajwa atatembea wiki nzima shingo juu. Wengine walikuja nyumbani kwangu Jumamosi kunikumbusha majina yao yanavyotamkwa. Niliipenda sana sehemu ile. Mwenye kutoa salamu ni kama mwenye kugawa nyama, na mimi nilikuwa kijana wa miaka ishirini na minne.

Wamimbi alikuwa na kaka yake, askari wa magereza pale Jinja. Siku moja mfungwa mmoja hakuonekana, na kaka mtu naye hakuonekana. Watu wakasema amevuka Kenya. Wanajeshi hawakuhangaika kwenda Kenya. Walikuja Walukuba kumtafuta mdogo wake. Walipofika mlangoni kwa Wamimbi, yeye alikuwa zamu ya asubuhi. Jirani akamtuma mtoto wake mpaka getini, na Wamimbi akaondoka na nguo za kazi, mikono ina rangi ya bluu mpaka kwenye viwiko. Gitaa lilibaki kwangu.

Baada ya mwezi nilipata barua kwa mkono wa mfanyakazi wa treni. Mistari mitatu. Yuko Mbale, kwenye mashine ya kukoboa kahawa. Ni mzima. Nisimwambie mtu. Niliichoma barua ile kwenye sigiri ya makaa, nikamwambia Kirunda peke yake. Kwa muda wa mwaka mzima niliutunza mdomo wangu vizuri kabisa, na ndiyo maana hata leo siwezi kujiambia kwamba sikujua.

Kisha Kiprono akatutafutia nafasi ya kurekodi Nairobi. Tulipanda lori lake, tukakaa Nairobi siku tatu. Huko watu walicheka kwa sauti barabarani. Walimtukana mkubwa wao mbele ya chai, wakaagiza chai nyingine. Siku ya kwanza niligeuka kila mara kutazama nani anasikiliza. Siku ya pili nikageuka mara moja moja. Siku ya tatu sikugeuka tena.

Kabla ya kurekodi, karani alikuja na karatasi. "Mtunzi nani?"

"Hayupo," nikasema.

"Hayupo siwezi kuandika. Nani anatia sahihi?"

Nikamtazama Kirunda, Kirunda akatazama ngoma zake. Nikatia sahihi. Nisikudanganye, mwanangu: nilipoona jina langu limeandikwa hapo kwa mashine, nilifurahi. Furaha ilidumu kama kikombe kimoja cha chai. Baada yake nilijisikia kama mtu aliyevaa koti la mwenzake.

Tukaingia kurekodi. Gitaa nililishika mimi, lakini bila Wamimbi hapakuwa na mtu wa lile bomba la shaba, na katikati ya wimbo palikuwa na shimo. Fundi akatuambia kutoka nyuma ya kioo, "Hapo katikati pamelala. Nyinyi hamna salamu?" Nikazitoa. Nikawasalimu watu wa kiwandani, nikawasalimu Walukuba wote. Kisha lile koti likanibana, na mdomo wangu ukasema, "Na salamu zikufikie wewe Wamimbi, mwenye wimbo wako, hapo Mbale kwenye mashine ya kahawa!"

Wimbo ukaisha. Kirunda akaweka vijiti chini.

"Owange, rafiki yangu. Hiyo jina toa."

"Nimemheshimu mwenye wimbo."

"Yeye alikuomba?"

"Kirunda, santuri hizi ni za kuuzwa huku Kenya. Nani atazipeleka Mbale?"

"Na Kiprono je? Analeta santuri za Amerika mpaka Mafubira. Amerika na Nairobi, wapi ni karibu?"

Sikuwa na jibu. Fundi akagonga kioo. "Wazee, tunarudia au haturudii? Kuna bendi nyingine mlangoni."

Kirunda alikuwa ananiangalia. Alikuwa mtu wa mizaha, na sura yake ile haikuwa na mzaha hata kidogo. "Wewe unataka kulala vizuri," akaniambia kwa sauti ya chini. "Lakini yeye ndiye atakosa pa kulala."

Nilimgeukia fundi nikasema, "Haturudii."

Neno moja tu, mwanangu. Kurudia kungechukua dakika tano.

Wimbo ulipanda kama moto kwenye nyasi kavu. Nakuru, Kitale, Busia, kila mahali. Redio ya Nairobi iliupiga asubuhi na jioni, na upande wetu tuliisikia vizuri. Madereva wakazileta santuri. Na sehemu ambayo watu waliipenda kuliko zote, usiniulize kwa nini, ilikuwa ile ya salamu. Niliwasikia kwa masikio yangu kituo cha mabasi cha Jinja, abiria ndani ya basi wakiitikia pamoja: "Wamimbi, mwenye wimbo wako!" Kirunda alikuwa pembeni yangu. Alinishika mkono akaniondoa pale.

Nikapanda treni kwenda Mbale, santuri mbili nimezifunga kwa gazeti. Nilijiambia ninakwenda kumpelekea kazi yake. Ukweli ni kwamba nilikwenda kuona kama bado yupo.

Alikuwepo. Nilimkuta Jumapili nyuma ya mashine, akipika uji, amekonda, vumbi la kahawa limemkaa mpaka kwenye nyusi. Alinikumbatia. Kisha akaona gazeti, akajua ni nini.

"Nimeusikia," akasema. "Hii ni wiki ya tatu. Wanaupiga hapa kila siku wakati wa kula."

"Wanajua ni wewe?"

"Hapa mimi ni Yokana." Akakoroga uji. "Wanaulizana kila siku, huyu Wamimbi wetu ni nani? Wamehesabiana mmoja mmoja. Juzi mmoja wao, kijana wa magunia, kaniambia, 'Yokana, ningekuwa mimi ndiye huyo Wamimbi, ningetembea na kofia ya manyoya.' Nikamwambia hata mimi. Tukacheka."

Nilianza kusema nisamehe, akanikata. "Umeimba vizuri. Lakini ngoma ya Kirunda iko mbele kidogo." Huyo ndiye Wamimbi.

"Ondoka leo," nikamwambia. "Njia za mlimani unazijua. Kesho asubuhi uko Kenya."

"Kesho kutwa mdogo wangu anasimama."

Alimaanisha kutahiriwa. Wewe uliyezaliwa mbali na Bugisu huenda usielewe uzito wa maneno hayo. Kijana husimama uani mbele ya ukoo wote, na hatakiwi hata kupepesa jicho. Mtu wake wa karibu husimama pale anapoweza kumwona. Baba yao alikuwa amekufa. Kaka yao alikuwa ng'ambo.

"Nani atasimama naye?" Wamimbi akaniuliza. "Akiangalia mbele asimwone mtu wa kwao hata mmoja? Akitetemeka, aibu hiyo ataibeba mpaka kaburini. Jumanne atasimama. Jumanne jioni naondoka."

Sikumbishia. Ningebisha na nini?

Jumatatu tulipanda kwao na kundi la wachezaji, njuga miguuni, unga usoni, ngoma zinapiga mdundo uleule wa wimbo wetu. Watu wa mashine nao walitufuata, maana hiyo ni sherehe ya wote. Na huko kwao hakuna aliyemjua kwa jina la Yokana. Shangazi yake mmoja alipomwona, alipiga kigelegele akaita jina lake la kweli kijiji kizima kikasikia. Yule kijana wa magunia alikuwa hatua tatu kutoka kwetu. Nilimwona uso wake ukifunguka.

"Kumbe ni wewe!" akapiga kelele. "Kumbe tunaye!" Akambeba Wamimbi begani. Wamimbi akamnong'oneza akimsihi anyamaze, na kijana akaapa atanyamaza. Nadhani aliapa kwa moyo safi. Lakini aliteremka mjini jioni ile, na alikuwa na habari tamu kuliko zote alizowahi kuwa nazo maishani. Simlaumu. Habari ile nilimpa mimi.

Jumanne, saa nne asubuhi, mdogo mtu alisimama. Nilimwona Wamimbi mbele yake, mikono nyuma, macho yake ndani ya macho ya ndugu yake, midomo imefungwa. Kijana hakutikisika. Firimbi ikalia, wanawake wakapiga vigelegele, mama yao akaanguka magotini kwa furaha. Wakamkalisha kijana kwenye kigoda, wakamfunika shuka.

Gari likaja likasimama njiani chini ya uwanja. Halikuwa na namba. Wakashuka watu watatu wenye miwani myeusi na suruali pana za mtindo wa siku zile. Ngoma zikafa moja baada ya nyingine.

"Wamimbi ni nani hapa?" mmoja akauliza kwa Kiswahili.

Katika uwanja ule walikuwepo akina Wamimbi wanne au watano, ni jina la kawaida. Hakuna aliyejibu. Yule mtu akaanza kupanda kuelekea kwenye kigoda, kwenye kijana aliyekuwa anatokwa damu, na hapo Wamimbi akamtangulia.

"Ni mimi, afande. Hapa kuna mgonjwa. Twendeni chini."

"Yule mwenye wimbo?"

"Ndiye mimi."

"Wimbo wako mzuri," yule mtu akasema, na wenzake wakacheka. "Kaka yako yuko wapi?"

"Sijui, afande."

"Utajua."

Walipokuwa wanamteremsha, mmoja akanigeukia. "Na wewe? Wewe nani?"

"Mimi mgeni tu, afande. Nimekuja kutazama."

Ni kweli nilikuwa mgeni. Ni kweli nilikuja kutazama. Katika habari hii yote nimesema ukweli mara mbili, mara ya kwanza Nairobi na mara ya pili pale uwanjani, na mara zote mbili niliusema kwa ajili yangu.

Walimwingiza kwenye buti ya gari. Alijikunja mwenyewe ili mlango ufunge. Hatukumwona tena. Mama yake alikwenda kambini Mbale, akaja mpaka Jinja, akakaa siku mbili nje ya ukuta wa kambi na chakula kwenye kikapu. Hakuna aliyemwambia hata kwamba hayupo.

Na wimbo? Wimbo uliendelea, mwanangu. Kama miezi miwili baadaye tulikuwa ukumbini Walukuba, wanajeshi wamejaa meza za mbele, na mmoja akapiga meza: "Ile ya kahawa! Piga!" Watu wale hawakuambiwa hapana. Niliimba. Nilipofika katikati nikafunga mdomo, nikaacha gitaa lipite. Basi wao wenyewe wakainuka, chupa juu, wakaijaza ile nafasi kwa furaha: "Wamimbi, mwenye wimbo wako!" Kirunda alikosea mdundo, kitu ambacho sikuwahi kumwona akifanya. Wiki iliyofuata nilipanda lori la Kiprono nikiwa na shati moja. Sijaimba tena mbele ya watu.

Sasa nasaha yangu ni hii. Nimeifikiri kwa miaka mingi, na bado siisemi vizuri. Watu hukufundisha usiseme uongo, na wako sawa. Lakini jiulize pia ukweli unaousema ni mali ya nani. Jina la mtu na mahali alipo ni vyake. Kabla hujayataja mbele za watu, hata kwa kumsifu, hata kwa mapenzi, mwulize kwanza. Usipoweza kumwuliza, nyamaza. Na kama umechukua kitu cha mwenzako, kama nilivyochukua mimi heshima ya wimbo ule, mrudishie mwenyewe, au futa sahihi yako pale pale mezani. Usijaribu kuutuliza moyo wako kwa kumtangaza. Mimi nilitaka kuwa mtu mwema bila kugharimika, na aliyegharimika ni mwingine. Na mkubwa wako akikuambia toa, nawe huna jibu la kumpa, basi hilo ndilo jibu. Toa.

Mungu akupe marafiki wa kukuambia hivyo, mwanangu, na akupe masikio ya kuwasikia mapema kuliko nilivyosikia mimi. Akulindie wanao, na akulindie majina yao popote yatakapotajwa.

Serikali ile ilipoanguka nilirudi Mbale, nikapanda mpaka kwa mama yake Wamimbi. Nilimkuta uani, amezeeka, akipukuchua mahindi. Nilimwambia yote nikiwa nimesimama: sahihi, salamu, Kirunda, na lile neno "haturudii". Aliendelea kupukuchua mpaka nikamaliza.

"Nilijua," akasema. "Jina lako liko kwenye santuri. Nilikuwa nangoja uje."

Nikamwomba msamaha.

"Leo sina," akasema. "Njoo kesho."

Nikalala mjini, nikarudi asubuhi. Alikuwa amekaa pale pale. Hakunijibu salamu. Alinisogezea kigoda, akamimina mahindi mbele yangu, nami nikakaa nikaanza kupukuchua.